Kuifuata Reli kutoka Tanga hadi Sigi



Ukurasa huu wa historia ulikuwa wa mwalimu wetu, ambaye mwaka huu amestaafu, amerudi shamba, na simu yake haipatikani mpaka apande kilimani. Kazi ikatuangukia sisi wa kamati ya fedha. Mtuwie radhi mkiona tarakimu nyingi. Mhasibu ukimpa historia atatafuta risiti kwanza.

Mnakumbuka mkutano mkuu wa mwaka jana ulivyokwama. Ajenda ya paa la bweni la wasichana ilipita kwa nusu saa. Ajenda ya katiba, kile kifungu kinachotaka kiongozi wa chama awe "mwenye asili ya Muheza", ilitukalisha hadi saa nne usiku. Mwenzetu mmoja, ambaye daftari la ada linamwonyesha hajawahi kukosa hata mwaka mmoja, alisimama akasema: babu yangu alishuka kwenye treni hapa akiwa kijana, akakata mkonge mpaka akafa. Baba yangu kazaliwa hapa. Mimi nimezaliwa hapa. Asili yangu mnaihesabu kuanzia wapi? Hakuna aliyemjibu. Mwenyekiti akaahirisha kikao, watu wakatoka bila hata kupiga picha ya pamoja.

Safari tunayoisimulia hapa ilizaliwa na swali lile. Tulikubaliana kwenda wachache, kwa siku moja, tuifuate reli kutoka bandarini Tanga mpaka kule msituni ambako tawi lake liliishia, Sigi. Tulikuwa kumi na wawili: saba kutoka Dar es Salaam, watatu wa Tanga mjini, wawili wenyeji wa Muheza. Wapo waliotaka twende Pangani, na hoja yao haikuwa nyepesi. Pangani ndiyo iliyokuwa bandari kubwa ya misafara upande huu wa pwani kabla ya reli, na ndiko Abushiri bin Salim alikonyongwa na Wajerumani Desemba 1889. Lakini reli haikwenda Pangani, na ukiutazama mji ule leo na nyumba zake za mawe zinazomomonyoka mtoni, unaona kinachoupata mji ambao reli imeukwepa. Pangani tumeiweka kiporo.

Tulianza saa kumi na mbili na nusu asubuhi pale penye mnara wa saa, Tanga, hewa ya bahari ikiwa bado baridi. Boma la zamani la Wajerumani, ambalo sasa lina makumbusho ya Urithi, lilikuwa halijafunguliwa, tukalizunguka kwa nje. Chai na mahamri tulikunywa Ngamiani, kwenye mojawapo ya zile barabara zisizo na jina ila namba. Kisha tukaenda stesheni.

Stesheni ya reli haina haja ya maelezo mengi kwa mtu wa Tanga. Mahali hapo ndipo ilipoanzia reli ya kwanza ya bara letu hili la Tanzania. Kampuni ya Kijerumani ilianza kutandika vyuma Juni 1893, chini ya miaka minne tangu Abushiri anyongwe. Nia yao ya kwanza ilikuwa kahawa. Walikuwa wamefyeka misitu ya Usambara Mashariki, huko Derema na jirani zake, wakapanda mibuni, wakaamini milima ile ingewatajirisha. Kahawa bila njia ya kuishusha pwani ni mzigo wa kichwa cha mpagazi, ndiyo maana reli.

Hapo sasa tuachieni hesabu kidogo. Kutoka Tanga hadi Muheza ni kama kilomita 40. Reli ilifunguliwa hadi Muheza Aprili 1896. Ni miezi kama thelathini na minne, maana yake kilomita moja na ushei kwa mwezi. Wakati huohuo Waingereza walianza yao kutoka Mombasa mwaka 1896, wakafika Ziwa Viktoria Desemba 1901: zaidi ya kilomita 900. Ukigawanya, ni kama kilomita kumi na nne kwa mwezi. Kampuni ya Tanga iliishiwa fedha ikiwa imefika Muheza tu, kazi ikasimama, na mwaka 1899 serikali ya Ujerumani ikalazimika kuichukua. Kwa muda wa miaka kadhaa mji wetu ndio uliokuwa mwisho wa reli, yaani mji ambao kila kitu kilichokwenda mbele zaidi kilishushwa hapo na kubebwa upya. Wazee wetu hawakupanga iwe hivyo. Muheza ilipata soko lake kwa sababu watu wa Berlin walikosea bajeti.

Baadaye reli ilisogea: Korogwe 1902, Mombo 1905, Moshi 1911, na kufunguliwa rasmi mwanzoni mwa 1912, jumla ya kilomita 352. Kahawa ile ya milimani haikufaa kitu. Udongo wa msitu ulichoka upesi na bei ya dunia ikaanguka. Kilichoiokoa reli ni mkonge, nao tutaufikia.

Nani alitandika? Swali hili tulimwuliza mzee tuliyesafiri naye, ambaye aliwahi kufanya kazi katika gengi la kutengeneza njia miaka ya sitini. Tulimwamkia, "Shikamoo mzee," akatuitikia marahaba, akakaa kiti cha mbele cha Coaster kwa sababu ya mguu wake. Alisema: "Wanangu, mimi nilikuta mataruma ya chuma, ya Mjerumani. Sikumkuta aliyeyabeba. Lakini yalikuwa yanabebwa na watu wanne, na mimi nayajua uzito wake." Tunajua kutoka historia iliyoandikwa kwamba vibarua walitoka vijiji vya njiani na pia mbali sana, Wanyamwezi na wengine, na kwamba watu wa hapa hawakuikimbilia kazi ile. Walikuwa na mashamba yao. Serikali ikaleta kodi ya nyumba mwaka 1898, ili asiyetaka kibarua alazimike kukitafuta. Milimani Usambara Magharibi, baada ya muda, mtu mzima alipewa kadi na kutakiwa afanye kazi kwa Mzungu siku 30 katika kila miezi minne. Sisi tunaojaza fomu za makato ya mishahara tunaweza kuisoma kadi ile bila mkalimani.

Tanga yenyewe ina jambo moja ambalo hatukuweza kulipita, ingawa muda ulikuwa unakimbia. Mapema Novemba 1914 meli za Waingereza zilishusha kikosi cha askari wapatao 8,000, wengi wao kutoka India, kuja kuuteka mji. Waliokuwa wanaulinda hawakufika hata robo yao. Kilichoamua ni reli. Lettow-Vorbeck aliwaleta askari wake kwa treni kutoka Moshi, mwenyewe akaingia mjini usiku kwa baiskeli kuchungulia, na asubuhi vita vikapiganwa mashambani na mitaani. Nyuki waliotimuliwa kwenye mizinga yao nao walishambulia bila kuuliza bendera, ndiyo maana wapo wanaoviita vita vya nyuki. Waingereza walirudi melini tarehe 5, wakaacha bunduki na risasi nyingi. Tuliingia katika makaburi ya vita ile. Yamezungushiwa ukuta, majani yamekatwa, na majina yamechongwa. Kumbukeni ukuta huo, tutaurudia.

Kutoka Tanga barabara inakwenda sambamba na reli, mara iko kulia mara kushoto, ukipita Pongwe hadi Ngomeni. Tulikuwa tumetamani kusafiri juu ya reli yenyewe. Miezi minne kabla tuliandika barua kwa ofisi moja tukiomba kukodi kiberenge, hata kwa kipande kifupi cha njia, kwa malipo na kwa ratiba watakayoitaka wao. Barua ilipigwa muhuri wa "imepokelewa". Mpaka kijarida hiki kinakwenda mtamboni, muhuri ndio jibu tulilo nalo. Tukabaki kuitazama reli kupitia dirisha la gari.

Ngomeni ni nchi ya mkonge. Ukitaka kujua mkonge ulifikaje huku, ni hadithi ya mche mmojammoja. Mwaka 1893 Daktari Richard Hindorf aliagiza miche 1,000 kutoka Florida, Marekani, kupitia Hamburg. Iliyofika hai ni 62. Ikapandwa Kikogwe, karibu na Pangani. Kutokana na ile 62 mashamba yakaenea Tanga nzima, kisha Morogoro, Kilosa, Lindi na kuvuka mipaka. Mwanzoni mwa miaka ya 1960 Tanganyika ilikuwa ikiongoza duniani, zaidi ya tani 200,000 kwa mwaka. Hatujapata kuona mali nyingine iliyozaa namna hiyo kutoka mtaji wa 62.

Mkonge na reli ni ndugu. Jani la mkonge ni maji matupu, nyuzi ni sehemu ndogo sana ya uzito wake, na likikatwa halisubiri. Kwa hiyo kila shamba kubwa lilijenga kireli chake chembamba kutoka shambani hadi korona, na kutoka korona marobota yakapelekwa stesheni. Korona, kwa vijana wetu wa mjini, ni kiwanda cha kusaga majani ya mkonge, kimeitwa hivyo kwa jina la mashine. Mzee alicheka peke yake akatuambia kwamba mwaka 2020 redio ilipotangaza korona imeingia nchini, yeye alidhani shamba limepata mwekezaji.

Na korona ilihitaji watu. Wenyeji wa hapa, kama walivyoikwepa kazi ya reli, waliukwepa mkonge pia kadiri walivyoweza. Wakauza chakula na machungwa kwa waliokuja kuukata. Waliokuja waliandikishwa mbali: Buha, Unyamwezi, Ubena, Songea, Ruanda-Urundi, Umakonde wa Msumbiji. Mwaka 1944 wenye mashamba waliunda chombo chao cha kuandikisha vibarua, SILABU, na malori na makambi yake yakajulikana nchi nzima. Kila aliyeandikishwa alipewa namba, wakaitwa manamba. Kazi ilihesabiwa kwa kipande: siku 30 za kazi iliyokamilika ndipo mshahara. Siku uliyougua haikuandikwa. Siku ambayo mnyapara hakuridhika na matita yako haikuandikwa. Kipande cha siku 30 kiliweza kumla mtu mwezi na nusu.

Babu wa yule mwenzetu wa mkutanoni alitoka Buha. Masimulizi ya nyumbani kwao ni kwamba alipanda reli ya kati akashuka Morogoro, akapakiwa kwenye lori hadi Korogwe, na Korogwe akapanda treni ya Tanga mpaka huku. Mtu anaweza kushangaa kwa nini asiunganishe treni. Hakukuwa na kuunganisha. Reli ya Tanga na reli ya kati hazikukutana mpaka mwaka 1963, ilipojengwa njia ya Mnyusi hadi Ruvu. Kwa hiyo kumbukumbu ya familia, ambayo haikuwahi kuandikwa popote, inakubaliana na ramani. Tulifurahi sana kuona hivyo. Ni kama kukuta daftari la mke na daftari la duka yana jumla moja.

Mzee alituongoza kwa miguu hadi kambi moja ya zamani ya manamba. Shamba hatulitaji. Nyumba zimebaki misingi, na nyuma yake, penye minyaa, pana makaburi. Hakuna ukuta. Hakuna hata jiwe lenye herufi moja. Tulihesabu, maana ndiyo kazi yetu, tukafika hamsini na sita, halafu ardhi ikawa sawa na hatukujua tena lipi ni kaburi na lipi ni kichuguu. Mzee alisema wengi walizikwa na wenzao wa kambini, na waliojua nani amelala wapi walikuwa watu wa kwao, nao wamekwisha. Mwenzetu alizunguka pole pole. Alikuwa amekuja na picha moja ya babu yake, ile ndogo ya pasi, ndani ya bahasha. Hakuitoa. Baada ya kitambo alimwuliza mzee, "Babu, unadhani watu wa Buha walizikwa upande gani?" Mzee akamjibu, "Mjukuu wangu, upande wa magharibi. Wenyewe waliomba hivyo." Hatujui kama mzee alikuwa anajua au alimhurumia. Watatu kati yetu kumi na wawili ni wajukuu wa manamba, na hilo pia hatukulijua mpaka tuliposimama pale.

Muheza mjini tulikaa muda mfupi kuliko mji unavyostahili. Ilikuwa siku ya machungwa, soko limejaa. Tulisimama stesheni, mzee akatuonyesha alipokuwa anakaa mpiga kengele. Alisema treni ya abiria ndiyo iliyokuwa saa ya mji, mama akisikia honi anajua muda wa kuinjika chungu umefika. Tukumbuke pia kwamba reli haikuikuta nchi tupu. Magila, hapo jirani tu, wamisionari wa Kianglikana wa UMCA walikuwa wameshajenga na kufundisha watu kusoma miaka mingi kabla ya 1893, na Wabondei walikuwa na majumbe na mashamba yao kabla ya hao nao. Baadhi ya wanachama husema historia ya Muheza inaanza na Mjerumani kwa sababu yeye aliacha majengo. Sisi hatukubali, lakini kwa reli inabidi tuanze naye.

Tawi la Sigi lilianzia Tingeni, ambako Wajerumani waliandika Tengeni. Lilikuwa jembamba, upana wa sentimita 75 wakati reli kubwa ni mita moja, na urefu wake kama kilomita 24. Lilikamilika mwaka 1910. Shabaha yake ilikuwa mbao za msituni, na pia kuifikia taasisi ya Amani. Mlima ulikuwa mkali mno kwa treni kupanda moja kwa moja, wakatumia ujanja: treni inapanda kwenda mbele, inasimama, njia inabadilishwa, inapanda tena kwa kurudi nyuma, mkia ukiwa ndio kichwa, hivyo hivyo mpaka juu. Wakati Coaster yetu inajikunja kwenye kona za barabara ya Amani, dereva alisikiliza maelezo haya akasema, "Kumbe nao walikuwa wanapiga rivasi." Vyuma vya tawi lile havipo tena. Ukijua pa kutazama unaona tuta lililokatwa kando ya mlima, limejaa majani, usawa wake si wa maumbile.

Sigi ipo nyumba ya msimamizi wa stesheni ya Wajerumani, na ndiyo sasa kituo cha kupokea wageni cha Hifadhi ya Mazingira Asilia Amani. Kwetu sisi hapo ndipo pazuri kupita pote. Mto Sigi unasikika kabla hujauona, na ndio mto unaowanywesha watu wa Tanga mjini. Miti imefunga juu kama paa. Tulikula chini ya baraza chakula tulichokibeba kutoka Muheza, bada na samaki wa nazi, na wale wa Dar walioagiza chipsi tuliwaandika majina.

Kutoka Sigi tulipanda hadi Amani, karibu mita 900 juu ya bahari. Wajerumani waliianzisha taasisi ya utafiti hapo mwaka 1902 wakapanda miti kutoka mabara yote kujaribu ipi italeta fedha. Wakati wa vita, meli zao zilipofungiwa baharini, Amani ndiyo iliyowatengenezea kwinini kutokana na magome ya mikwinini yao wenyewe. Waingereza waliuendeleza utafiti wa kilimo, kisha ukahamishiwa Muguga, Kenya, na Amani ikawa ya utafiti wa malaria. Wengi wetu tuna mjomba au shangazi aliyewahi kukamata mbu kwa mshahara kule.

Kijana aliyetuongoza alituinamisha kwenye mwamba wenye unyevu akatuonyesha ua dogo la zambarau. Ulaya hulikuza ndani ya vyungu madirishani. Lilichukuliwa hapa Usambara na Walter von Saint Paul-Illaire, mtawala wa wilaya wa Tanga, akamtumia baba yake Ujerumani, nalo likapewa jina la ukoo wao, Saintpaulia, mwaka 1893. Hapo tukatazamana. Mwaka 1893 ndio reli ilioanza. Mwaka 1893 ndio mkonge ulioingia. Mwaka 1893 ndio ua lilioandikishwa kwa jina la mgeni. Mwaka mmoja, maingizo matatu, mawili ya kuingia na moja la kutoka, na kwenye safu ya "mwenye mali" hakuna hata jina moja la mtu wa hapa.

Kijana yule anastahili mstari wake. Ni mzaliwa wa Kisiwani, ana miaka ishirini na miwili, anaijua miti kwa Kisambaa, kwa Kiswahili na kwa yale majina ya kisayansi. Kuhusu reli alijua kwamba "ilikuwapo". Hakuna aliyemfundisha zaidi. Mzee wa gengi alikuwa na elimu yote iliyobaki na hakuwa na mwanafunzi. Walikaa pamoja kiti cha mbele safari nzima ya kurudi, na sisi nyuma tulinyamaza makusudi.

Mnaijua sehemu iliyobaki. Kamba za nailoni ziliushusha mkonge, mashamba mengi yakataifishwa 1967, uzalishaji ukaporomoka, na miaka ya 1990 treni ya abiria nayo ikakoma. Julai 2019 treni za mizigo zilirejea njia ya Tanga hadi Moshi. Desemba 2019 ikarejea treni ya abiria ya Dar es Salaam kwenda Moshi, na mwaka uliofuata ikafika Arusha. Tulishangilia, halafu tukatazama ramani. Inatoka Ruvu, inafika Mnyusi, inageuka kushoto kwenda Korogwe. Kulia kwake, kilomita chache tu, ipo Muheza, ya kwanza kabisa kufikiwa na reli, na haiwezi kuipanda.

Sasa hesabu, maana kijarida hiki ni cha kuomba fedha na hatutaki kuomba bila kuonyesha. Kila msafiri alichangia shilingi 85,000, jumla 1,020,000; nauli ya kufika Tanga na malazi kila mtu alijitegemea. Gari na mafuta 450,000. Chakula cha watu kumi na watano, tukiwamo sisi, mzee, kijana na dereva, 180,000. Viingilio na mwongozaji 150,000. Posho na nauli ya mzee 60,000. Maji 30,000. Jumla 870,000. Zimebaki 150,000, zimeingizwa mfuko wa paa la bweni, stakabadhi ipo kwa mhazini. Wapo watakaosema 150,000 si paa. Ni kweli. Ni bati chache. Lakini ni bati ambazo hakuna aliyeombwa kuzichangia, na safari inaweza kurudiwa.

Tunaomba mambo mawili zaidi ya bweni. La kwanza ni posho ndogo ya mwaka mmoja ili yule kijana wa Kisiwani na wenzake wawili wakae na wazee wa reli na wa mkonge, wawarekodi, wajifunze kuongoza wageni njia nzima kutoka Tanga hadi Amani. Wazee tuliowaorodhesha ni tisa. Tulipoanza kuorodhesha mwezi Februari walikuwa kumi na mmoja.

La pili ni uzio na kibao pale penye minyaa. Kibao kinahitaji majina, na ofisi tulizozifikia hazina. Tumefungua daftari. Ukurasa wa kwanza ameandika yule mwenzetu wa mkutanoni kwa mkono wake: jina la babu, kwao Buha, treni ya Korogwe, upande wa magharibi. Mwenye jina la babu au bibi aliyezikwa kambini alilete kwa mhazini, na kijiji alichotoka kama anakijua. Kifungu cha katiba kitarudi mezani mkutano wa mwaka huu kama ajenda ya kwanza, mapema, kabla ya chai. Safari ya pili ni Jumamosi ya kwanza ya Agosti, viti kumi na viwili, na vinne vimeshalipiwa.